Mstaafu na Bi Harusi kwenye Kopo la Vifungo

Siku nilipomshonea fundi bomba suruali ambayo mguu wake wa kushoto haukuwa na pa kutokea, ndiyo siku wanangu walipoanza kupanga maisha yangu bila kuniuliza.

Fundi bomba mwenyewe hakukasirika. Aliingia nyuma ya pazia kuijaribu, pakawa kimya, nikasikia kishindo kidogo, halafu sauti yake: "Fundi, huku kushoto naona barabara imefungwa."

Nikaipokea suruali juu ya pazia, nikaigeuza. Nilikuwa nimeshika upande wa mbele na wa nyuma kwa pamoja, nikapiga mshono chini kabisa. Mshono wenyewe ulinyooka kama rula. Miaka arobaini na moja nimekaa kwenye cherehani, na sijawahi kumfungia mtu mguu ndani ya nguo.

"Nisamehe, baba. Kichwa kilinizunguka kidogo."

"Ah, mama, hayo madogo," akasema kutoka nyuma ya pazia. "Mimi mwaka jana niliunganisha bomba la maji ya moto kwenye choo cha mtu. Alikaa wiki nzima kabla hajalalamika."

Nilicheka mpaka ikabidi nikae. Aliondoka na suruali yake ya zamani, akasema ile mpya hana haraka nayo. Najua alikuwa na haraka nayo. Ile ya zamani ilikuwa na matundu mawili magotini, na kesho yake alikuwa anaitwa kazi kwenye ofisi kubwa.

Habari ingeishia hapo kama si mume wangu. Mume wangu aliendesha basi la shule miaka thelathini, na ingawa huu ni mwaka wa kumi na moja hajashika usukani, mtaa mzima bado unamwita Dereva, na mimi pia. Dereva hawezi kukaa na kichekesho tumboni. Jioni ile ile ya Jumatatu alimpigia simu mwanetu wa kwanza, tunayemwita Mkubwa, akamsimulia mkasa wa mguu uliofungwa huku akicheka hadi kukohoa. Upande wa pili wa simu hakucheka mtu.

"Baba, kwani mama anaona kizunguzungu?"

"Kidogo tu."

"Na miguu? Mara ya mwisho nilimwona anachechemea."

"Imevimba kidogo. Anavaa ndala zangu."

Nilikuwa nampungia mkono anyamaze, lakini Dereva akiulizwa anajibu, kama mtoto mbele ya mwalimu.

"Basi Jumamosi nakuja na gari," akasema Mkubwa. "Mama aje akae kwetu, apumzike. Na wewe baba utamfuata ukishafunga nyumba. Cherehani tumpe yule binamu anayejifunza kushona. Mama ameshona vya kutosha."

Simu ilipokatika, Dereva alibaki ameishika mkononi kama mtu aliyevunja kikombe cha wageni.

"Nimeharibu, eh?"

"Umeharibu."

"Nipige tena nimwambie nilikuwa natania?"

"Kaa chini, Dereva. Hujui kudanganya, utaharibu zaidi."

Sina neno baya juu ya nyumba ya Mkubwa. Mkwe wangu ni binti mwema, na nilisikia kwamba ameshanitengenezea chumba, amekipaka rangi ya kijani hafifu kwa mikono yake mwenyewe kwa sababu aliwahi kunisikia nikisema napenda kijani. Lakini najua kupumzika kwa nyumba ile. Ukiinuka kuchukua kikombe, unaambiwa kaa, mama. Ukishika ufagio, kaa, mama. Nilikaa kwao siku nne mwaka juzi, na siku ya tatu nilijificha chooni nikashona kifungo cha taulo ambalo halikuhitaji kifungo.

Mimi nataka dirisha langu. Nataka asubuhi nikanyage pedeli, watu wapite wakiwa na zipu zilizong'oka na makoti yaliyorarukia kwapani, waniachie shida zao waende kazini. Hilo tu. Na kwa kukanyaga pedeli inabidi uwe na miguu, na kwa kufuata mshono inabidi kichwa kitulie, na mimi vyote viwili vilikuwa vimenigomea kwa muda wa wiki tano.

Hapo ndipo inapoingia habari ya vidonge.

Nina presha. Miaka mitatu iliyopita walinipima kliniki, wakaniandikia kidonge kimoja kila asubuhi: cheupe, kidogo, kikavu, hakina mng'aro wowote. Nikakiita Mstaafu. Jina lake la kwenye boksi lilikuwa refu kama treni ya mizigo, na mimi nikianza kulisoma nafika katikati nimesahau kichwa. Mstaafu nilimweka kwenye kopo dogo la vifungo, maana makopo ya vifungo ndiyo vyombo ninavyoviamini. Nilikuwa navitoa vidonge vyote kwenye karatasi zao za bati siku navileta nyumbani, navimimina koponi, na boksi nalikata vipande vya kuzungushia nyuzi. Nyumba ya fundi haitupi kipande cha kadi.

Kila asubuhi saa moja Dereva husimama mlangoni na glasi ya maji, anapiga honi kwa mdomo, piip, nami nameza. Hajakosa hata siku moja.

Basi, kama miezi miwili iliyopita kliniki waliishiwa dawa kwa siku chache. Kitinda mimba wangu, anayefanya kazi nchi ya mbali, alisikia kwenye simu. Hakulala. Alichukua picha ya cheti changu cha zamani aliyokuwa nayo, akaenda nayo kwa daktari wa huko, na baada ya muda likaja furushi. Ndani kulikuwa na skafu, sabuni ya kunukia, na boksi limeandikwa kwa herufi za dhahabu: Zelivanta. Vidonge vilikuwa vya waridi, vinang'aa, utadhani vimepakwa rangi ya kucha. Juu yake karatasi: "Mama, hii ni ya presha, nzuri sana. Usikose hata siku moja."

Furushi lilipofika, kliniki walikuwa wamekwisha kupata dawa, na nesi alikuwa ameniambia maneno hayo hayo: "Bibi, usikose hata siku moja."

Nikawatii wote wawili.

Kile cha waridi nikakiita Bi Harusi, nikakipa kopo lake, nalo lilikuwa dogo, basi karatasi zilizozidi nikaziacha bila kuzifungua. Sikuona ubaya. Mimi ni mtu wa vifungo. Kifungo cheupe cha shati si kifungo cha waridi cha blauzi. Rangi ikiwa tofauti, umbo likiwa tofauti, mng'aro tofauti, kazi yake ni tofauti. Nilijua moyoni mwangu kwamba Mstaafu anashika mbele na Bi Harusi anashika nyuma. Na kila asubuhi Dereva akapiga honi mara mbili.

Jumanne, siku moja baada ya ile suruali, nilimwambia Dereva anisindikize duka la dawa. Nilitaka dawa ya kuchua, miguu inywee kabla ya Jumamosi, Mkubwa asipate la kusema.

Mfamasia wa pale ni binti niliyemshonea sketi ya shule akiwa darasa la kwanza. Nilimwachia pindo pana, tukalishusha mara tatu, na sketi ile moja ikamfikisha darasa la nne. Watoto wa mtaa wakaniita Bibi Pindo kwa sababu ya kazi kama hizo, naye hajaacha kuniita hivyo hata baada ya kuvaa koti jeupe. Dukani kwake ameweka kiti chenye mto karibu na mlango, kwa ajili ya watu wa umri wangu. Hakuna aliyemwambia akiweke.

Nilimwomba dawa ya kuchua. Hakuigusa. Alizunguka kaunta, akachuchumaa mbele yangu, akabonyeza kifundo cha mguu wangu kwa kidole gumba. Alipoondoa kidole, shimo lilibaki pale pale, kama kwenye unga uliokandwa.

"Bibi Pindo, hii imeanza lini?"

"Kama wiki tano hivi."

"Na kizunguzungu?"

Nilimwangalia Dereva. "Kapigiwa simu na wewe?"

"Mimi simo!" akasema Dereva.

"Nauliza tu, Bibi," mfamasia akacheka. "Unakunywa dawa gani?"

"Mstaafu na Bi Harusi."

Akamgeukia Dereva.

"Usiniangalie mimi," Dereva akasema. "Mimi ni idara ya maji."

"Haya majina kawapa nani?"

"Mimi mwenyewe," nikasema. "Mmoja mweupe, mmoja wa waridi. Wote wa presha."

Uso wake ukabadilika kidogo, si kwa hofu, bali kama mimi ninapoona mshono umevuta upande. "Naomba kuona maboksi yao."

Hapo niliona aibu. "Nimeyakata, mwanangu."

"Umeyakata?"

"Ya kuzungushia nyuzi."

Mtu mwingine angegomba. Yeye aliangalia saa ukutani, akaangalia miguu yangu ndani ya ndala za mwanamume, akageuza kibao cha mlangoni kikaonyesha kwamba amekwenda kula. "Twendeni kwenu. Sitaki utembee njia hii mara mbili."

Na hakula mchana ule. Nalijua hilo kwa sababu alikuwa mezani kwangu muda wote, akifungua nyuzi.

Droo yangu ya nyuzi ina kadi zisizopungua sitini, na kila moja imevaa uzi wake mpaka huoni kadi ni ya nini. Tuliimwaga yote mezani. Tukaanza kuzungusha kinyume, watu watatu. Uzi mwekundu: boksi la sabuni. Uzi wa kijani: boksi la majani ya chai. Uzi wa kijivu: boksi la balbu. Dereva alikuwa anazungushia nyuzi kwenye vidole vyake, na baada ya nusu saa mkono wake wa kushoto ulikuwa na rangi nane na hauwezi kukunjika.

"Sasa nikiwashwa pua?"

"Niambie, nitakukuna," nikasema.

Ndipo mfamasia akafungua uzi mweusi, na chini yake kukatokea maandishi ya bluu kwenye kadi nyeupe. Kipande kimoja kilikuwa na mwanzo wa neno, kingine nilichokuwa nimekizungushia uzi wa kahawia kilikuwa na mwisho. Akaviweka bega kwa bega mezani. Amlodipine. Miligramu kumi.

"Huyu ni Mstaafu," akasema.

Bi Harusi alikuwa chini ya uzi wa bluu bahari. Herufi za dhahabu zilijitokeza taratibu, Zelivanta, kila herufi kubwa kama kidole. Nikafurahi kuiona tena. Mfamasia hakuishughulikia dhahabu. Aliendelea kufungua, na chini kabisa, kwa herufi ndogo ambazo mtu angeweza kuzifunika kwa punje ya mchele, aliona alichokuwa anakitafuta. Akanisogezea.

"Soma hapa, Bibi."

Nikavaa miwani ya kutungia sindano. Nikasoma polepole, nikarudia. Nikaiweka kando ya kadi nyeupe. Herufi kwa herufi.

"Ni jina lile lile," nikasema.

"Miligramu ngapi?"

"Kumi."

Akauliza, "Bibi, wewe unaitwa nani?"

"Si unanijua?"

"Niambie tu. Wateja wanakuitaje?"

"Fundi."

"Wajukuu?"

"Bibi. Wanangu wananiita Mama, watoto wa kaka yangu wananiita Shangazi, na nyinyi watundu mnaniita Bibi Pindo."

"Tuseme kuna sherehe. Kadi moja imealika Fundi, nyingine imealika Shangazi. Utakaa viti vingapi?"

"Kimoja, jamani!"

"Hii dawa imekaa viti viwili kwa wiki tano. Imeingia asubuhi na shati jeupe, ikala, ikatoka, ikabadilisha shati, ikarudi na la waridi, ikala tena. Na wewe ukaipakulia mara zote mbili."

Dereva akapiga meza kwa mkono wake wa rangi nane. "Na mimi nikaipigia honi!"

Tulicheka, ingawa mimi machozi yalikuwa karibu. Mfamasia akanieleza taratibu, kama ninavyomweleza mtoto kushika mkasi. Kila dawa, akasema, ina jina lake la kuzaliwa, na hilo halibadiliki ukienda popote. Lakini kampuni inayoitengeneza inaweza kuipa jina la biashara, zuri, la kung'aa, na kampuni nyingine ikaipa jingine. Rangi na umbo ni mavazi tu. Jina la kuzaliwa mara nyingi huandikwa kwa herufi ndogo chini ya lile kubwa. Na mwisho wa jina hilo, mara nyingi, unakuonyesha ukoo: wanaoishia na "dipine" ni ukoo mmoja, kazi yao kulegeza mishipa ili damu ipite bila kusukumana. Wanaoishia na "pril" ni ukoo mwingine, nao wanashusha presha kwa njia yao.

"Kama ukoo wa mke wangu," Dereva akasema. "Wote wanaishia kwenye maneno."

"Na dozi ikizidi," mfamasia akaendelea, "presha inashuka kuliko inavyotakiwa, kichwa kinazunguka. Na huyu hasa, akizidi, miguu inavimba. Huna ugonjwa mpya, Bibi. Una mgeni mmoja aliyekula mara mbili."

Alipiga simu kliniki pale pale, akazungumza na daktari, na jioni Dereva akanisindikiza kupimwa. Presha ilikuwa chini sana. Daktari akasema kesho yake nisimeze chochote, Alhamisi nirudi apime tena, na kuanzia hapo, mambo yakiwa sawa, nimeze Mstaafu peke yake. Tena nisivitoe vidonge kwenye bati lao. Vikikaa wazi koponi vinaharibika kwa unyevu, na jina nalo linapotea.

Nilimwuliza mfamasia jambo lililokuwa linanisumbua. "Huyu mwanangu aliyeleta. Nitamwambiaje? Akijua, atalia."

"Mwambie alifanya vizuri," akasema. "Alileta dawa ile ile hasa uliyoandikiwa, hakukosea hata kidogo. Ila mara nyingine apige simu kwanza. Na zile karatasi za Bi Harusi ambazo hujazifungua, usizitupe. Weka. Kliniki wakiishiwa tena, uje nazo kwangu tuangalie pamoja."

Alhamisi daktari akapima, akaitikia kwa kichwa, ameridhika. Ijumaa niliamka, nikainuka kitandani, na chumba kikabaki mahali pake. Sijui kama mnaelewa furaha ya chumba kubaki mahali pake. Miguu bado ilikuwa minene, lakini nilirudi kwenye ndala zangu mwenyewe, na Dereva akazipokea zake kama mtu anayerudishiwa gari.

Jumamosi saa nne Mkubwa akafika. Alikuwa amekunja viti vya nyuma vya gari na kuleta kamba ya kufungia cherehani. Pua ilikuwa nyekundu, macho yanatiririka, na kabla hajanisalimia alipiga chafya tatu.

"Shikamoo, mama. Samahani, nina mafua mabaya."

"Marahaba, mwanangu. Kaa."

"Sikai sana. Umefungasha?"

"Kaa kwanza," nikasema, "nikusimulie habari ya Mstaafu na Bi Harusi."

Nilimsimulia yote, na Dereva akaongezea chumvi panapohitajika. Mkubwa alisikiliza huku anajipangusa pua. Mwishoni akasema, "Lakini mama, hiyo ndiyo hoja yangu. Mko wawili tu hapa. Mnameza vitu hamvijui. Ukiwa kwangu mtu atakuangalia."

Maneno yake yalikuwa na ukweli, na aliyasema kwa upole. Nilitazama cherehani yangu dirishani, na kamba aliyoiweka juu yake, nikafikiri basi, imekwisha.

"Baba, naomba maji," akasema Mkubwa.

Dereva akaleta glasi. Mkubwa akatoa mfukoni pakiti mbili. Moja ilikuwa ya unga wa mafua, ina picha ya mlima wenye theluji. Nyingine ilikuwa ya vidonge vya kichwa, nyekundu, ina mshale wa umeme. Akamimina unga kwenye maji, akaanza kubandua kidonge.

Sijui nini kilichonisukuma. Nadhani ni mazoea ya juma moja. Nikamshika mkono.

"Subiri. Soma herufi ndogo."

"Mama, hii ni ya mafua, hii ni ya kichwa."

"Soma."

Akavuta pumzi kama alivyokuwa akifanya nilipomrudisha kunawa shingo. Akasogeza pakiti ya mlima karibu na macho. "Paracetamol," akasoma, "na vitu vingine." Akachukua ile ya umeme. Akaisoma kwa macho tu.

"Soma kwa sauti," nikasema. "Baba yako hasikii."

"Para... cetamol."

"Piip," akasema Dereva.

"Umezichanganya tangu lini?" nikauliza.

"Tangu jana jioni." Sauti yake ilikuwa imepungua. "Kila nikisikia kichwa kinagonga."

Nikampigia mfamasia simu, nikamkabidhi. Nilisikia upande mmoja tu wa mazungumzo. "Ndiyo, dada. Mara nne, dada. Na ya unga... tatu. Hapana, sikujua. Ndiyo, nasikia, ini. Hapana, tumbo haliumi. Niende kliniki leo? Sawa, dada. Kwa uhakika tu, ndiyo. Sinywi kingine mpaka nionwe. Asante sana, dada." Mwanamume wa miaka arobaini na sita, anayesimamia watu thelathini kazini.

Dereva akampeleka kliniki kwa gari lake Mkubwa mwenyewe, maana mgonjwa hawezi kujiendesha, na nadhani hiyo ndiyo zawadi kubwa Dereva aliyopata mwaka huu. Nilimwona anakata kona ya mtaa polepole, mkono mmoja nje ya dirisha, anampungia kila mtu. Waliporudi ilikuwa alasiri. Daktari alikuwa amemkagua, akapima damu, akasema yuko salama, apumzike siku moja, anywe maji, na asichanganye tena.

Walinikuta nimekaa dirishani. Mkubwa alikuwa ameacha koti lake kitini, na nilipoliinua nilikuta mfuko wa ndani umetoboka. Ilibidi niuzibe. Kamba ya kufungia cherehani niliikunja nikaiweka sakafuni, nikakanyaga pedeli. Miguu ilikubali. Haikuwa kama zamani, lakini ilikubali, na sindano ikatembea moja kwa moja.

Mkubwa alisimama mlangoni akinitazama.

"Sasa hapa nani anakuangalia, mama?" akauliza, lakini hakuuliza kama asubuhi.

"Baba yako na honi yake. Mfamasia. Daktari wa kliniki. Fundi bomba, ambaye mpaka leo hajamwambia mtu juu ya suruali yake. Na wewe je, nani anakuangalia?"

Akacheka, akapiga chafya, akacheka tena. "Inaelekea ni wewe."

"Basi siwezi kuacha kazi."

Alilala kwetu usiku ule kwenye chumba chake cha utotoni, miguu ikining'inia nje ya kitanda. Asubuhi alikaa chini na mimi, tukaandika kwenye karatasi majina ya dawa ninazotumia, jina la kuzaliwa kwanza. Ni moja tu, lakini aliandika kwa uangalifu kama ni kumi, akaibandika ndani ya mlango wa kabati. Dereva akachukua kalamu akaongeza pembeni: Mstaafu. Kamba tuliibakisha, sasa ni ya kuanikia nguo.

Kile chumba cha kijani sikukiacha kipotee bure. Nilimpigia mkwe wangu, nikamwambia nakuja kulala wiki moja mwezi ujao, na nguo zote za nyumba yake zilizokatika vifungo azikusanye, la sivyo siji. Alikubali upesi. Kisha akaniambia kwamba Mkubwa, tangu arudi, amemwaga kabati lao lote la dawa mezani na anasoma herufi ndogo moja moja.

"Amepata nini?"

"Mpaka sasa, mama, amekuta mapacha wawili na ndugu wanne."

Kitinda mimba naye nilimwambia. Alilia kidogo, nikamwacha alie. Nikamwambia kwamba skafu naivaa, sabuni imekwisha, na Bi Harusi yuko kabatini ndani ya bati lake, pamoja na kadi yake ya dhahabu, anasubiri siku Mstaafu akikosekana.

"Kwa hiyo sikukuumiza, mama?"

"Ulinipenda, mwanangu. Tatizo ni kwamba nesi naye alikuwa amekwisha kunipenda asubuhi hiyo hiyo."

Akacheka. Nilitaka kusikia hilo kabla ya kukata simu.

Jumatatu fundi bomba akaja kuchukua suruali yake. Akaingia nyuma ya pazia. Nami nikasimamisha pedeli, nisikilize kama kutakuwa na kishindo. Kisha pazia likafunguka, akatoka kwa miguu yote miwili, akatembea mpaka mlangoni na kurudi, akageuka kama mwanamitindo.

"Fundi," akasema, "barabara imefunguliwa."